Aliyerekodiwa aione filamu kabla ya umma?

Wadau, tujadili hili. Mtengeneza filamu anaishi na jamii miezi kadhaa, kamera begani. Hahoji mtu, haweki msimulizi, haombi tukio lirudiwe. Anarekodi watu wakipika, wakigombana, wakizika. Kisha anaondoka na picha za saa nyingi mno, anakata, anabakiza saa moja na nusu. Je, waliorekodiwa wawe na haki ya kuitazama kazi hiyo na kudai kipande kiondolewe kabla haijaonyeshwa kwingine?

Mimi nasema ndiyo. Idhini ya siku ya kwanza ni ya kupigwa picha tu. Mama aliyekubali hakujua kwamba kilio chake kitafuatishwa na kicheko cha jirani, mambo yaliyopishana wiki tatu, na mtazamaji atadhani anachekwa. Maana ya filamu hizi huzaliwa kwenye uhariri, na huko mwenye maisha yake hayupo.

Mwaka 1954 Mfaransa Jean Rouch aliwarudishia watu wa Ayorou, Niger, filamu ya uwindaji wao wa viboko. Alikuwa ametia muziki wa wawindaji kwenye mawindo yenyewe. Wakamkosoa: mawindoni ni kimya, kiboko akisikia muziki hukimbia. Akauondoa. Hawakuwa wanaficha aibu, walikuwa wanasahihisha ukweli.

Wanaopinga hunitajia mwongozaji wa Marekani, Frederick Wiseman. Filamu yake ya 1967, iliyoonyesha askari wakiwadhalilisha wagonjwa katika hospitali ya wafungwa wagonjwa wa akili kule Bridgewater, Massachusetts, ilizuiwa na mahakama isionyeshwe kwa umma hadi 1991, kwa hoja ya faragha ya wagonjwa. Wanasema ukiwapa watu haki ya kukata, wenye madhambi watakata ushahidi. Hoja hii ni nzito, imenikosesha usingizi. Lakini waliokwenda mahakamani ni viongozi wa jimbo lililoendesha hospitali hiyo, si wagonjwa. Haki ninayoitetea ni ya mtu juu ya sura yake. Askari anayemdhalilisha mfungwa akiwa kazini hana kipande cha kudai.

Ninapokwama ni hapa: binti analalamika mbele ya kamera, mzee wa ukoo anataka sehemu hiyo itolewe, binti anataka ibaki. Mimi namwegemea binti, sauti ni yake. Ila filamu ikishatoka, mwongozaji yuko mbali, na binti ndiye anayebaki na ukoo. Mliowahi kurekodi au kurekodiwa, mngeamuaje?