Fidia ya ajali kazini imechelewa: riba ailipe nani, mwajiri au bima?

Ndugu zangu, naomba tulijadili hili bila kuoneana haya. Mtu kaumia kazini, mwajiri wake ana bima. Kesi inaahirishwa weee, hukumu inatoka baada ya miaka 5. Hapo kampuni ya bima inasema: fidia tutalipa, riba ni ya mwajiri, yeye ndiye aliyechelewa. Wapo wanaoona ni haki. Mimi sioni.

Tuchukue India, ambako suala hili limebishaniwa sana. Kwa sheria yao ya fidia ya wafanyakazi ya mwaka 1923, malipo yakipitisha mwezi mmoja bila kutolewa, riba ilikuwa angalau asilimia 12 kwa mwaka. Na Mahakama ya Juu ilishaamua mwaka 1975 kwamba deni la fidia linaanza siku ya ajali, si siku ya hukumu. Miaka 5 kwa kiwango hicho ni asilimia 60 ya fidia yenyewe! Mwajiri mwenye lori moja anaitoa wapi? Atafilisika, na aliyekatwa mguu atabaki na karatasi ya hukumu mkononi.

Sasa jiulizeni, miaka yote hiyo pesa ilikuwa kwa nani? Ilikuwa kwa bima, ikizaa. Riba hapa haimwadhibu mtu, inamrudishia majeruhi alichopoteza kwa kusubiri. Ndiyo maana mwaka 1997 mahakama hiyohiyo ilitenganisha mambo mawili: bima alipe fidia pamoja na riba, lakini adhabu ya kuchelewesha bila sababu, inayoweza kufika asilimia 50 ya fidia, aibebe mwajiri, kwa kuwa ni kosa lake binafsi. Hapo nakubali kabisa.

Mtaniambia bima huenda hakupewa taarifa mapema. Ni kweli hutokea. Lakini huo ni ugomvi wa bima na mteja wake. Amlipe majeruhi kwanza, kisha amgeukie mwajiri aliyekaa kimya.

Kinachoniuma zaidi ni kile kipengele cha mkataba kinachosema riba haimo. Mwaka 2006 mahakama ilikiruhusu, kwa hoja kwamba sheria ile haimlazimishi mwajiri kukata bima, kwa hiyo wenye mkataba wako huru kupatana. Wako huru, sawa, ila aliyeumia hakuwepo walipokuwa wanapatana, wala hakuusaini. Kwa nini wawili wapatane kupunguza haki ya wa tatu? Sheria ingekipiga marufuku kipengele hicho moja kwa moja.

Bado kuna jambo moja sijaliamua. Mkataba ukiwa na kikomo cha malipo, riba ihesabiwe ndani ya kikomo au juu yake? Kwa siku zilizopita baada ya bima kupokea madai, nasema juu yake. Kwa siku za kabla ya hapo, mliowahi kushughulikia madai haya, mnasemaje?