Tupeane uzoefu: umewahi kumpeleka msajili wa ardhi mahakamani kwa kudharau amri?

Mjukuu wa Shamba: Hamjambo ndugu zangu wa Pwani ya Kenya. Marehemu babu alituachia shamba lenye hatimiliki ya mtu binafsi, lakini rejista inalionyesha kuwa ardhi ya umma. Mahakama ya Mazingira na Ardhi iliamuru rekodi irekebishwe, amri ikapelekwa afisini na kugongwa muhuri wa kupokelewa. Tangu hapo tunaambiwa faili linashughulikiwa. Wakili anataka tuombe msajili aadhibiwe kwa kudharau mahakama. Aliyepitia njia hiyo atueleze.

Baba Rehema: Poleni. Hilo la "linashughulikiwa" tunalijua sote.

Mama Tatu: Swali lako limenitonesha kidonda. Sisi tulipata amri kama yenu, na msajili akaapa kwa maandishi kwamba kadi ya kijani ya shamba letu, yaani ile kadi ya rejista inayoonyesha mwenye shamba, imepotea, kwa hivyo hakuna cha kurekebisha. Tulipowasilisha ombi aliitwa, hakufika, na jaji akatoa hati ya kumkamata. Kikao kilichofuata tulimkuta ameshaketi, wakili wa serikali ubavuni, na mbele yao faili la kahawia. Jaji akaagiza lifunguliwe. Kadi iliyoapiwa kuwa imepotea ilikuwamo, na juu ya maandishi ya taipu mtu alikuwa ameandika "ardhi ya umma" kwa kalamu ya bluu, bila sahihi, bila tarehe, bila kutaja hati yoyote iliyoleta badiliko hilo. Jaji akamwambia ayasome maneno hayo kwa sauti, kisha amtaje aliyeyaandika. Aliyasoma, hakumtaja mtu. Rekodi ilirekebishwa, akaomba radhi, akasamehewa, na mpaka leo mume wangu hajaukubali msamaha huo.

Kijana wa Kwale: Mama, na kile kiapo cha uongo je? Hakushtakiwa?

Mama Tatu: Mwanangu, sisi tulifuata shamba.

Kijana wa Kwale: Ndiyo maana hawaogopi!

Karani Mstaafu: Tusiache swali la mwenzetu. Afisa wa serikali lazima kwanza apewe notisi ya siku 30.

Wakili Mchanga: Shikamoo mzee. Kwa heshima, sharti hilo lilikuwa katika Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016, ambayo Mahakama Kuu iliibatilisha mwaka 2018. Kwa amri za Mahakama ya Mazingira na Ardhi, tazama kifungu cha 29 cha sheria ya 2011 iliyoiunda: anayekaidi anaweza kutozwa faini isiyozidi shilingi milioni 20, au kufungwa kwa muda usiozidi miaka 2, au adhabu zote mbili.

Karani Mstaafu: Marahaba. Sheria imebatilishwa, mazoea ya afisini hayajabatilishwa. Nimeona barua moja kali ikifanya kilichoshinda kesi.

Wakili Mchanga: Barua ni hekima, mzee, lakini usiwaambie watu kwamba ni lazima.

Mkulima Mpole: Mimi ningewashauri msimshtaki kabisa. Siku ya kugawanya shamba mtaihitaji sahihi yake hiyo hiyo.

Kijana wa Kwale: Atagawanya nini, na rejista inasema ni mali ya umma?

Baba Rehema: Nendeni na shangazi yenu mwenye sauti kubwa kuliko wote, mketi pale kaunta mpaka wafunge. Natania, lakini si sana.

Mjukuu wa Shamba: Asanteni nyote. Tatizo ni kwamba msajili aliyepokea amri amehamishwa, na aliyepo anadai hakukabidhiwa chochote.

Wakili Mchanga: Basi mpelekeeni huyo mpya nakala ya amri yenye onyo la adhabu, na anayeipeleka aape hati ya kiapo. Mahakama itataka kuona kwamba amri ilikuwa wazi, kwamba yeye mwenyewe aliifahamu, na kwamba alikaidi kwa makusudi. Muhuri wa mtangulizi wake peke yake hautoshi kumfunga.

Baba Rehema: Na mfanye hima, kabla huyu naye hajahamishwa.