Vijana wa "maigizo" kwenye vifodi vya Arusha, mmezidi!

Wakuu, salaam. Mods msiuunganishe uzi huu na zile za nauli, hii ni kero nyingine kabisa.

Kuna huu mchezo wa kundi kupanda Hiace ya Ngaramtoni (ndiyo vifodi vyetu vya abiria) pale Kilombero, wanakaa mbalimbali kama hawajuani, mmoja anarekodi. Wa siti ya nyuma anaita "shusha!", gari likisimama anasema ameghairi. Hiace ina mlango mmoja wa abiria, jamani. Wa nyuma akitaka kutoka, wote wa siti za kukunja wanyanyuke, wakunje, wengine washuke hadi chini, akiwemo mama mwenye mtoto mgongoni. Mkirudia mara tatu kabla ya Sakina, gari la nyuma limeshapita na kuzoa abiria wote wa mbele. Dereva na konda wanadaiwa hesabu ya tajiri, wao wanakula kinachozidi hapo. Wakisimamishwa pasipo kituo, trafiki anaandika 30,000, na nyie mko kwenye simu mnahesabu "laiki".

Wengine kumi kwa mpigo wanatoa noti za elfu kumi kwa nauli ya mia kadhaa. Chenji itoke wapi? Mbaya kuliko yote ni konda feki: anaita "Ngaramtoni" kwenye gari la Kijenge, bibi na mkungu wake wa ndizi anapelekwa kusiko na analipa nauli mara mbili.

Mnasema mmeiga New York. Mmeiga nusu! Kundi la huko la vichekesho, Improv Everywhere, lilianza mchezo wake wa treni ya chini ya ardhi na watu saba tu, Januari 2002: koti na kofia mwilini, suruali hakuna. (Huku msijaribu, konda atawashusha kwa teke.) Hawacheki, hawasemezani, kila mtu kama amesahau tu kuvaa. Kichekesho ni wao wenyewe. Treni inasimama kwenye vituo vyake hata wasipokuwepo, ina milango mingi, nauli imelipwa kabla ya kuingia. Mchezo wenyewe haumcheleweshi mtu.

Mkishindwa kuacha, basi muwe wanne, mlipe mapema kwa hela kamili, mkae siti za mbele, mshuke kituo halali, na kamera isimuelekee asiyeridhia. Vaeni hata miwani ya jua saa mbili usiku, wote mkisoma gazeti moja juu chini, tutacheka.

Hayo mengine kodini Hiace yenu, mshushane wenyewe hadi Usa River.