Skana ya zamani imekataa Windows 11, nifanyeje?

Kibanda_Mpakani: Habari za jioni wakuu. Nina kibanda cha fotokopi hapa Busia, upande wa Uganda. Skana yangu ni CanoScan LiDE 25, nzima kabisa. Inakula umeme wa waya wa USB tu, kwa hiyo stima ikikatika naendelea kuskani ndaga muntu (vitambulisho vya taifa) za wateja kwa betri ya laptopu. Sasa nimenunua laptopu yenye Windows 11. Nikiichomeka skana inatokea na alama ya njano, draiva (programu ya kuiendesha) hakuna. CD yake ya zamani imegoma. Fundi mmoja ananiambia niitupe, na moyo unakataa. Kesho asubuhi mawakala wa forodha wanakuja na makaratasi yao.

Fundi_Tororo: Pole mkuu, usiitupe. Draiva ya kwenye CD ni ya biti 32, na Windows 11 ni ya biti 64 pekee. Hizo mbili hazikubaliani hata ubembeleze vipi. Nakuomba pia usishushe draiva kwenye tovuti usizozijua, utaingiza virusi kwenye mashine ya kazi.

Tafuta flashi ya GB 8 isiyo na kitu, uweke Linux Mint, mfumo wa kuendesha kompyuta kama Windows, kwa kutumia programu ya Rufus. Washa laptopu kupitia flashi hiyo, bila kusakinisha chochote; Windows yako haiguswi. Linux inaitambua LiDE 25 kupitia SANE, yaani draiva zake za skana, wala huhitaji CD. Fungua terminali (dirisha la kuandikia amri), andika lsusb upate orodha ya vifaa vya USB. Ukiona 04a9:2220, namba ya utambulisho ya skana yako, ndiyo hiyo.

Dada_wa_Mbale: Programu ya kuskani ya VueScan nayo inakuja na draiva yake kwenye Windows, ila ni ya kulipia. Mimi nimebakiza kompyuta ya Windows 7 ya biti 32 kwa kuskani tu. Intaneti nimeikata, maana tangu Januari 2020 Microsoft iliacha kuitolea masasisho ya usalama.

Kibanda_Mpakani: Nimerudi, asanteni sana! 04a9:2220 imeonekana. Taa imewaka, imetembea taratibu mpaka mwisho, na hata maandishi madogo ya kitambulisho yanasomeka. Mawakala wanataka kurasa zote kwenye PDF moja, inawezekana?

Fundi_Tororo: Inawezekana. Skani kurasa zote mfululizo kwanza, ndipo uhifadhi kama PDF. Lakini hifadhi kwenye flashi nyingine. Ukiacha faili ndani ya Mint hiyo ya flashi, ukizima laptopu zinapotea.

Kibanda_Mpakani: Sawa mkuu, flashi ya pili ninayo.