Kumpeleka Mama kuona taa za kaskazini: safari ipi kwa pesa kidogo?

Mama Mapacha, Oslo

Wapendwa wa Goma popote mlipo, jambo.

Mama amefika. Alivuka mpaka wa Rwanda pale Grande Barrière, akapanda gari hadi Kigali, na sasa yuko sebuleni kwangu amejifunika vitenge viwili juu ya koti. Viza yake ni ya siku 90, ataondoka katikati ya Machi. Ameniomba kitu kimoja tu. Tangu jirani yetu wa Himbi amwonyeshe kwenye simu mbingu ya kijani inayocheza, anataka kuiona kwa macho yake kabla hajarudi.

Mimi nafanya usafi nusu siku, baba mapacha bado yuko shule ya lugha. Nimeweka krona 10,000 kwa watu wawili, ndani yake ndege, malazi na safari yenyewe. Nimeingia kwenye intaneti nikachanganyikiwa. Safari moja krona 990, nyingine 1,550, nyingine 2,400, zote zina picha zilezile za kijani na zambarau. Moja imeandika kabisa kwamba inatuhakikishia tutaona. Mama ana miaka 67, magoti yanamsumbua, na anatumia dawa za presha. Aliyewahi kwenda anisaidie kabla sijalipa, kwa sababu pesa hii ikipotea sitaipata tena mwaka huu.

Kaka wa Kibati, Tromsø

Mama Mapacha, salamu, na Mama umpe pole ya baridi. Usilipe bado.

Nitaandika kirefu kwa sababu jambo hili nimelijua pande mbili. Huu ni mwaka wangu wa 6 Tromsø, kaskazini ya Norway, kwenye jiko la hoteli linalojaza termosi za supu za mabasi haya kila jioni. Na kabla ya hapo, nyumbani, nilikuwa nabeba mizigo ya watalii kutoka Kibati hadi juu ya Nyiragongo, volkano yetu ya Goma.

Mnaojua mlima ule mnakumbuka. Unapanda tangu asubuhi, unafika juu karibu mita 3,470 jioni inaingia, na ukungu umefunga shimo lote. Mtalii amelipa, miguu imekwisha, na haoni hata ukingo anaosimama. Kuna viongozi waliosema "ndiyo mlima ulivyo" wakaingia kulala. Kuna mmoja niliyependa sana kufanya naye kazi, yeye alikaa nje ya kibanda amejifunga blanketi, akisikiliza upepo. Saa 9 usiku akagonga milango: amkeni, umefunguka! Watu walitoka bila viatu kuangalia lile ziwa la moto. Bei ilikuwa ileile kwa wote.

Hapa pia kinachotafutwa ni kiongozi wa namna hiyo. Taa zenyewe ni za bure. Tromsø iko moja kwa moja chini ya ule ukanda wa anga ambamo zinatokea, na usiku mwingi wa giza zipo huko juu, kilomita 100 na zaidi kutoka ardhini. Tatizo letu ni mawingu. Mji uko pwani, bahari inaleta theluji na mvua muda wote. Ukiingia bara, nyuma ya milima, upande wa Skibotn, kunanyesha kidogo sana, na ukiendelea unafika mpaka wa Finland, Kilpisjärvi. Mara nyingi mjini kumefunga kabisa na kule nyota zinaonekana moja moja. Kwa hiyo kila kampuni iulize swali hili kabla ya bei: mkikuta mawingu, mnaendesha umbali gani, na mnavuka Finland? Wakijibu kwa kuzungukazunguka, achana nao.

Safari ya 990, nina hakika karibu yote ni basi kubwa linalokwenda kambi moja iliyopangwa. Si mbaya, kuna choo, kuna moto, mzee anakaa ndani. Lakini kambi haihami. Mwaka wangu wa kwanza nililipa safari ya namna hiyo. Tulikaa muda wa saa tatu chini ya wingu zito, tukanywa chokoleti ya moto, tukarudi. Na lile "hakikisho" lilikuwa hivi: unapewa nusu bei ya safari ya pili, ndani ya wiki hiyohiyo, kama kuna nafasi. Wenzangu kwenye basi walikuwa na ndege asubuhi yake. Soma maandishi madogo. Kinachokusaidia zaidi ni kurudishiwa pesa yote ukifuta saa 24 kabla, au wao wenyewe wakiona anga halifai.

Hiyo ya 1,550, kama ni basi dogo la watu 8 hadi 15, ndiyo ningeichukua. Ya 2,400 mara nyingi unalipia mpiga picha na chakula kizuri zaidi, na Mama hahitaji.

Sasa usiku. Usije kwa usiku mmoja, njooni kwa usiku tatu. Na malazi yafute kwenye hesabu yako: nimeongea na mke wangu, mtalala kwetu, kitanda cha watoto kinatosha. Usiku wa kwanza kukiwa wazi, nitawapeleka mwenyewe kwa basi la mji hadi ziwa la Prestvannet, katikati ya kisiwa, kuna giza la kutosha na hamlipi kitu. Ile safari ya kulipia iwekwe usiku wa pili, ili wa tatu ubaki akiba. Hali ya hewa angalia yr.no, ni ya serikali, na haina matangazo ya kukuuzia safari.

Kuna programu za simu zinazoonyesha namba ya Kp, kipimo cha jinsi jua linavyotikisa sumaku ya dunia, kuanzia 0 hadi 9. Watu wanaona 2 wanakata tamaa. Hiyo namba kubwa inawahusu walioko kusini, Oslo au Ubelgiji. Huku juu hata 1 au 2 inatosha, kama anga limefunguka.

Mje Februari. Desemba jua halichomozi kabisa hapa, kuanzia mwisho wa Novemba hadi katikati ya Januari, na mzee ambaye amezoea saa 12 asubuhi kupambazuka anaweza kuingiwa na huzuni. Wanaoniandikia wanataka kuja Julai, nawaomba wasije kwa ajili hii: jua halizami, taa zipo ila huzioni.

Mambo ya Mama. Uliza kama gari lina choo au linasimama penye choo, maana ni kutoka saa 12 jioni hadi saa 7 au 8 usiku. Uliza kama wanatoa suti ya baridi na viatu, wengi wanatoa bila kuongeza bei. Chini avae sufu, si pamba, kwa sababu pamba ikishika jasho inageuka barafu mwilini. Na ununue yale meno ya chuma ya kuvaa chini ya viatu. Mama amezoea kutembea juu ya makoro ya Goma, yale mawe ya lava, mguu wake ni imara, lakini barafu ya hapa haina pa kushika.

La mwisho, msiache pasipoti na kadi za ukaazi nyumbani. Kiongozi akiamua kuvuka Finland na mmoja hana karatasi, gari zima linabaki.

Dada wa Birere, Liège

Naomba niongeze neno moja ambalo kaka hakuligusa. Mweleze Mama mapema, tena vizuri.

Usiku wa tarehe 10 Mei 2024, dhoruba ya jua ilikuwa kubwa hadi taa zikaonekana huku Ubelgiji. Nilitoka nje kutupa takataka nikakuta anga lote jekundu juu ya nyumba. Sikujua ni nini. Nilipanda ngazi mbio nikaanza kuwavisha watoto viatu. Mtu wa Goma akiona mbingu nyekundu usiku hafikirii utalii, anafikiria tarehe 17 Januari 2002 na tarehe 22 Mei 2021, Nyiragongo ilipolipuka, anatafuta karatasi na masufuria. Mume wangu ndiye aliyenishika mikono akaniambia angalia, hakuna joto, hakuna harufu, hakuna majivu. Nilikaa kwenye ngazi nikalia.

Mwambie Mama kwamba rangi hii haitoki ardhini. Ni chembe zinazotoka juani, zinagonga hewa juu kabisa: oksijeni inatoa kijani, na juu zaidi inatoa nyekundu. Haichomi na haishuki. Mwambie kabla hajaingia kwenye gari.

Mjomba wa Ndosho, Edmonton

Ndugu wa Kanada msiige safari hizo za kulipia ndege. Hapa kwetu unaendesha chini ya saa moja kwenda mashariki, hifadhi ya Elk Island, taa za mji zinabaki nyuma. Unalipa kiingilio cha hifadhi tu. Sisi tunakwenda na sufuria ya sombe imefungwa kwenye blanketi. Watakaohitaji gari waniandikie.

Dada wa Katindo, London

Kaka wa Kibati, mimi na binti yangu tunaweza kujiunga nao? Tuna ukaazi wa Uingereza.

Kaka wa Kibati, Tromsø

Dada, kwa pasipoti ya Kongo ukaazi wa Uingereza peke yake hautoshi, Norway iko Schengen, zile nchi za Ulaya zenye viza moja, mtahitaji viza. Wenye kadi za Ubelgiji, Ufaransa au Sweden ndio wanaoingia bila viza, hadi siku 90 katika kila siku 180. Kama hamtaki mzunguko wa viza, visiwa vya Shetland viko ndani ya Uingereza na vinapata taa hizi. Huko ndipo namba kubwa ya Kp inahitajika, kwa hiyo mkae siku nyingi kidogo.

Yaya, Himbi, Goma

Nimesoma yote. Mdogo wangu, mimi ni muuguzi na nakuomba kama mkubwa wako: baridi inakaza mishipa na presha inapanda. Dawa za Mama zikae kwenye mkoba wa mkononi, si kwenye sanduku la ndege. Apime asubuhi ya safari. Akisema amechoka, mrudi ndani ya gari bila kubishana naye. Hapa sisi tu wazima, tunawasubiri mtuambie.

Mama Mapacha, Oslo

Tumerudi jana. Aksanti sana kwenu nyote, naandika yote kwa ajili ya wengine.

Usiku wa kwanza theluji haikukatika, tulikaa kwa kaka, mke wake alitupikia sambaza alizoletewa kutoka nyumbani. Usiku wa pili mji ulikuwa bado umefunga. Gari letu lilikuwa la watu 8, kiongozi mwanamke. Alituomba kuonyesha pasipoti kabla ya kuwasha injini, nikakumbuka maneno ya kaka. Alisimama mara ya kwanza, akashuka, akaangalia juu, akasema hapana. Mara ya pili vilevile. Tulipita Skibotn, tukaendelea kupanda hadi tukavuka mpaka.

Ilikuwa karibu saa 5 usiku. Nilitarajia rangi ya kwenye picha. Niliona kitu kama moshi mweupe umelala juu ya mlima, na Mama akasema, "Ni wingu lingine, turudi." Kiongozi akamwekea kigoda na ngozi ya kukalia, akamwambia asubiri. Dakika chache, lile wingu likapata ukijani, halafu likachanika katikati na kuanza kukimbia. Mama alinishika mkono kwa nguvu hadi nikasikia kucha zake juu ya glavu. Akauliza, "Haishuki?" Nikamwambia haishuki. Akauliza tena, nikamjibu tena. Kisha akaniachia mkono. "Angalia inavyoteremka," akasema, akikumbuka zile baiskeli zetu za mbao za kubeba mizigo, "kama chukudu la kabichi kutoka Kibumba." Alikaa pale zaidi ya saa moja, suti ya baridi imemzidi, kitambaa chake cha kichwa kikichungulia chini ya kofia. Mimi ndiye niliyeomba kurudi garini.

Simu yangu ilizimika kwa baridi baada ya picha nne. Iwekeni ndani ya koti, karibu na mwili, mtoe tu wakati wa kupiga. Na mjue kamera inaona rangi kuliko macho. Zambarau iliyoko kwenye picha yangu sisi hatukuiona, tuliona kijani na ukingo wa pinki kwa muda mfupi.

Hesabu ya watu wawili: ndege kwenda na kurudi krona 3,800, safari 3,100, meno ya viatu 600, chakula na basi la mji 500. Jumla 8,000. Elfu mbili zilizobaki Mama amezichukua za kununulia Yaya kipimo cha presha.

Nguo za sufu alizovaa, za ndani juu na chini, saizi kubwa, pamoja na meno ya viatu jozi mbili, ziko kwangu zimeshafuliwa. Atakayempeleka mzazi wake mwezi huu au Machi aniandikie, nitazituma kwa posta, azirudishe akimaliza ili mwingine azipate.