Tupeane uzoefu: vichekesho vya filamu bubu vilivyokutoa machozi

BabuMikindani: Jana mjukuu wangu kashika simu, anacheka peke yake. Kumbe ni mchekeshaji Buster Keaton, filamu yake One Week ya 1920! Bwana harusi anaunganisha nyumba ya mbao iliyoletwa kwenye masanduku, hasimu wake kabadilisha namba za masanduku. Nyumba ikapinda, mlango ukatokea ghorofani. Mwisho inakwama relini, treni inakuja... ikapita reli ya pembeni. Tukashusha pumzi. Ndipo ikaja nyingine, ikaisambaratisha! Nimekumbuka sinema za shuka jeupe na jenereta ya parokia. Nyie je?

Kibonge_TZ: Hapo pa treni hata mimi nilisimama.

MamaTumu: Mimi nina kovu. Darasa la tano, tulimwona huyo huyo Keaton, ukuta wa nyumba unamwangukia, dirisha linapita palepale aliposimama. Kesho yake kaka akang'oa mlango wa banda la kuku, akakata tundu kwa msumeno wa baba, akachora duara la mkaa, "simama hapa, usitikisike." Sikutikisika. Kumbe alipima mlango ukiwa umelala, hakujua kitako kitateleza. Nikasikia "ko!" kabla ya maumivu. Mtulinga, mfupa huu wa begani, ukavunjika. Kilichoniliza zaidi ni kaka kukimbilia mikoroshoni hadi magharibi.

Mzaramo77: Pole dada. Ila ya ukuta si filamu fupi kama One Week, ni Steamboat Bill, Jr. ya 1928, zaidi ya saa nzima. Na ukuta ulikuwa wa kweli, tani mbili hivi.

Kibonge_TZ: Mwenzio kavunjika, wewe unahesabu dakika?

Mzaramo77: Mada ni mada.

BintiLamu: Mnamsahau Charlie Chaplin! One A.M., 1916, karibu filamu nzima yuko peke yake. Kitanda cha kukunja ukutani kinamkataa, akaishia kulala kwenye hodhi la bafuni. Kwetu mchekeshaji tunamwita chale, nami naamini jina limetoka kwake.

Mzaramo77: Una uhakika?

BintiLamu: Bibi yangu alisema, inanitosha.

Fundi_Redio: Filamu hizi zikikimbia sana punguzeni kasi. Kamera zilizungushwa kwa mkono.

Kibonge_TZ: Usipunguze, utaua kicheko. Babu, wewe ficha misumeno tu.

BabuMikindani: MamaTumu, ulitibiwaje? Na kaka?

MamaTumu: Kitambaa shingoni, wiki nyingi. Kaka yupo Newala. Nimemtumia hiyo ya treni usiku huu. Kaiona, hajajibu.