Mwandishi wa riwaya akiandika filamu, je, anajishusha? Tumtazame Mika Waltari

Wadau, kuna hoja inayorudi kila tukizungumzia fasihi: kwamba mwandishi wa riwaya akishaingia kwenye filamu amefuata hela tu, na kazi hizo zisihesabiwe siku ya kumpima. Naikataa kabisa, na shahidi wangu ni Mfini Mika Waltari (1908–1979).

Wengi wanamjua kwa riwaya yake ya 1945 kuhusu Sinuhe, tabibu wa Misri enzi za Farao Akhenaten. Lakini miaka minne kabla ya hapo filamu aliyoiandika, Kulkurin valssi, ilikuwa tayari kumbini. Ni kisa cha baroni anayeikimbia Urusi baada ya pambano la kulinda heshima, akajichanganya na watu wa sarakasi. Ilikuwa 1941, Finland ikipumua kidogo kati ya vita mbili na Wasovieti. Watu waliotoka kuzika vijana wao walipata jioni moja ya mapenzi na muziki. Kuwapa hicho ni kujishusha kwa namna gani?

Nakubali jambo moja: filamu inaweza kuinyonya riwaya damu. Hollywood ilimchukua Sinuhe mwaka 1954, chini ya mwongozaji Michael Curtiz. Kitabuni, Sinuhe anampenda mwanamke aitwaye Nefernefernefer mpaka anauza nyumba ya wazazi wake, na kaburi walilojiwekea pia. Anasimulia mwenyewe, na wewe msomaji unaona aibu naye, hatua kwa hatua. Kwenye filamu mimi nilibaki nikitazama majumba na mavazi. Ila tukumbuke, mswada ule hakuuandika Waltari. Waliuandika wengine.

Sasa njooni kwa Komisaa Palmu, mpelelezi wake wa Helsinki, mkali wa maneno, asiyebabaishwa na matajiri. Riwaya mbili za kwanza ni za 1939 na 1940. Matti Kassila akazitengenezea filamu mwaka 1960 na 1961, Joel Rinne akiwa Palmu, na watazamaji wakataka nyingine. Kitabu cha tatu hakikuwepo! Waltari, zaidi ya miaka ishirini baada ya kumwacha Palmu, akaketi akaandika kisa kipya kwa ajili ya filamu, na mwaka uleule wa 1962 kikatoka pia kama riwaya.

Hapo filamu ndiyo iliyozaa kitabu. Kwa hiyo anayesema kazi za filamu zisihesabiwe aniambie: kitabu hiki cha tatu tukihesabu, au tukitupe?